Wimbo Unapoibeba Hadithi: Maswali Yenu Kuhusu Maigizo ya Muziki

Toleo lililopita tuliwaomba maswali kuhusu maigizo ya muziki na watunzi wake. Mengi yalifanana, kwa hiyo tumeyaunganisha.

Opera, opereta na igizo la muziki vinatofautiana wapi? Na ni kweli sanaa hii ilizaliwa New York? (Msomaji, Tanga)

New York iliipa mtaji na umaarufu, lakini haikuizaa. Ukitaka mahali pa kuanzia, anzia London, tarehe 29 Januari 1728, siku ambayo The Beggar's Opera ya John Gay ilipanda jukwaani. Miaka ile wenye nazo wa London walikuwa wakishabikia opera za Kiitaliano, zinazoimbwa mwanzo hadi mwisho kwa lugha ambayo wengi wao hawakuielewa. Gay akageuza kibao. Wahusika wake walikuwa wezi, makahaba na bwana jela. Walizungumza Kiingereza cha mtaani, na katikati ya mazungumzo waliimba nyimbo fupi 69 ambazo mahadhi yake, mengi, yalishajulikana vichochoroni. Maneno ndiyo yaliyokuwa mapya. Johann Christoph Pepusch, Mjerumani aliyehamia Uingereza, akazipangia vyombo. Msimu wa kwanza igizo lilichezwa mara 62, na London haikuwa imezoea jambo kama hilo. Miaka 200 baadaye, mwaka 1928, Kurt Weill na Bertolt Brecht waliichukua hadithi ileile mjini Berlin, Weill akatunga upya karibu muziki wote kwa ladha ya jazi na vilabu vya usiku.

Tofauti ziko hivi. Katika opera sauti ndiyo mfalme: karibu kila kitu huimbwa, juu ya okestra kubwa, bila kipaza sauti. Opereta huchanganya mazungumzo na nyimbo, ila waimbaji wake bado ni wa mafunzo ya opera. Katika igizo la muziki mwigizaji ndiye anayeimba, na neno lisilosikika mara ya kwanza limepotea, kwa sababu hadhira haina nafasi ya kurudisha nyuma. Mipaka yenyewe huvuja. Porgy and Bess ya George Gershwin (1935) ni opera kwa kila kipimo, lakini huko New York ilifunguliwa Broadway, mtaa wa kumbi za maigizo.

Kati ya Gay na Broadway kuna Paris, ambako Jacques Offenbach, mzaliwa wa Cologne, alifungua ukumbi wake mdogo wa Bouffes-Parisiens mwaka 1855. Kibali chake cha mwanzo kilimbana kwenye michezo ya sehemu moja yenye waigizaji wachache. Masharti yalipolegea, mwaka 1858 akatoa Orphée aux enfers, ya sehemu mbili, akiikejeli miungu ya Kigiriki na wakubwa wa Ufaransa kwa pamoja. London ikajibu kwa W. S. Gilbert na Arthur Sullivan, walioandika kazi 14 kati ya 1871 na 1896. H.M.S. Pinafore yao ya 1878 iliibwa na makampuni mengi ya Marekani, ambayo hayakuwalipa hata senti. Ndiyo maana The Pirates of Penzance waliizindua New York kwenyewe, tarehe 31 Desemba 1879. Siku moja kabla, kikundi chao kingine kilikuwa kimeicheza Paignton, mji mdogo wa Uingereza, makaratasi mkononi na mavazi ya Pinafore mwilini, ili tu kulinda haki zao upande wa pili wa bahari.

Kwa nini kwenye filamu za Kihindi mtu huanza kuimba ghafla? Na hilo lina uhusiano wowote na taarab yetu? (Msomaji, Dar es Salaam)

Uhusiano upo, na kwa maoni yetu ndio mlango ambao sanaa hii iliingilia pwani yetu. Sisi hatukuipata kutoka Broadway. Tuliipata kutoka Mumbai na Cairo.

Upande wa India, kuanzia miaka ya 1850 makampuni ya Waparsi (Wahindi wenye asili ya Uajemi) wa Mumbai yaliendesha maigizo ya biashara yaliyochanganya mapazia yaliyochorwa na mashine za jukwaani za Kizungu, hadithi za Kiajemi na Kihindi, vichekesho, na nyimbo nyingi zilizofuata raga (mahadhi ya jadi ya Kihindi) na ghazali (mashairi ya mapenzi). Mfano uliowatangulia na uliochezwa sana ni Indar Sabha, aliouandika Agha Hasan Amanat mjini Lucknow katikati ya karne ya 19, ambao karibu wote ni nyimbo na ushairi. Sinema ilipopata sauti, watengenezaji walichukua waigizaji, waandishi na wanamuziki walewale wa majukwaa ya Waparsi. Alam Ara, filamu ya kwanza ya India yenye sauti, ilitoka Machi 1931 ikiwa na nyimbo saba, na hadithi yake ilitokana na igizo la Kiparsi. Mwaka uliofuata Indar Sabha yenyewe ikafanywa filamu yenye nyimbo zipatazo 70. Kwa hiyo huyo anayeanza kuimba "ghafla" hafanyi ghafla hata kidogo. Anafuata kanuni ya jukwaa ambayo hadhira yake iliijua kabla ya sinema kuwapo: moyo ukijaa, mazungumzo hukoma.

Nyimbo hizo zilivuka bahari kwa santuri na kwa filamu. Juma Bhalo wa Mombasa (1942–2014) alikuwa fundi wa kutia mashairi ya Kiswahili ndani ya mahadhi ya filamu za Kihindi, na ukisikiliza kwa makini utaona alichofanya ndicho alichofanya Gay mwaka 1728.

Upande wa Misri, hadithi ya taarab huanza na Sultani Barghash (alitawala 1870 hadi 1888), ambaye inasimuliwa alileta wanamuziki kutoka Misri na kumpeleka Mohamed Ibrahim Cairo akajifunze kupiga kanuni, chombo cha nyuzi nyingi. Kikundi cha taarab cha Ikhwani Safaa kikaundwa Unguja mwaka 1905. Lakini Misri ambayo taarab iliendelea kuisikiliza haikukaa palepale. Salama Hijazi alishaufanya wimbo kuwa kiini cha igizo la Kiarabu, na Sayed Darwish wa Alexandria (1892–1923) akaandika maigizo ya muziki ambamo wapagazi, mabaharia na mafundi waliimba kwa lugha ya mitaa ya Misri. Darwish alipofariki aliacha kazi moja haijakamilika, kuhusu Kleopatra. Aliyeimalizia ni Mohamed Abdel Wahab, kijana ambaye utotoni aliimba mapumzikoni kwenye vikundi vya maigizo. Mwaka 1933 Abdel Wahab akaingia kwenye sinema, na nyimbo zake za filamu, zenye okestra kubwa ya fidla, zikawa kielelezo cha vikundi vya Unguja vya katikati ya karne: fidla kadhaa, kanuni, udi, nai (filimbi ya mwanzi), akodiani, selo na besi. Zile dakika ndefu za vyombo kabla mwimbaji hajafungua kinywa zinafanana na za jukwaani: ndivyo okestra inavyoituliza hadhira kabla pazia halijafunguliwa.

Taarab yenyewe haikuwa igizo, kwa sababu mwimbaji hasimami kwa niaba ya mhusika. Ila anayetaka kuandika igizo la muziki la Kiswahili ana akiba hapa kubwa kuliko anayodhani.

Watu weusi wa Marekani walianza lini kutunga kwa ajili ya Broadway? (Mwanafunzi, Nairobi)

Mapema kuliko vitabu vingi vinavyoonyesha. Will Marion Cook alisomea fidla Berlin, kisha akakuta kumbi za muziki wa kizungu New York zimemfungia milango. Mwaka 1898 alitunga Clorindy pamoja na mshairi Paul Laurence Dunbar, ikachezwa juu ya paa la ukumbi wa Casino. Tarehe 18 Februari 1903 In Dahomey ya Cook, Dunbar na Jesse Shipp ikawa igizo kamili la kwanza lililotungwa na kuchezwa na watu weusi ndani ya ukumbi mkubwa wa Broadway. Mwaka huohuo lilivuka hadi London na kuchezwa Buckingham Palace. Hapo nyota wake, Bert Williams, mweusi, alikuwa bado anajipaka masizi usoni, kwa kuwa ndivyo soko lilivyotaka mweusi aonekane.

Shuffle Along ya Eubie Blake na Noble Sissle (1921) ilichezwa mara 504. Blake alieleza baadaye kwamba wanamuziki wake walikariri muziki wote na kupiga bila karatasi, kwa sababu wazungu wa ukumbini hawakuamini kwamba mweusi anaweza kusoma nota. Ndani ya okestra hiyo alikuwamo William Grant Still, ambaye baadaye alitunga simfoni. Watunzi walihofia pia wimbo mmoja wa mapenzi ya dhati kati ya wapenzi wawili weusi, maana hadhira ilizoea kuwacheka tu. Usiku wa kwanza wimbo huo ukashangiliwa.

Show Boat ya Jerome Kern na Oscar Hammerstein II ilikuja Desemba 1927. Wimbo wake maarufu wa mto Mississippi umejengwa karibu wote kwa noti tano tu, kwa kuiga nyimbo za kanisani za watumwa, na wengi hudhani ni wimbo wa mapokeo. Ni wa Kern, mzungu wa New York, aliyeutunga akiiwaza sauti ya mwimbaji mweusi Paul Robeson. Robeson aliuimba London mwaka 1928, na katika miaka ya 1930 akiishi hukohuko alijifunza Kiswahili chuoni. Kwenye filamu ya Sanders of the River ya 1935, ambayo baadaye aliionea aibu kwa jinsi ilivyousifu ukoloni, miongoni mwa watu wa pembeni alikuwamo Mkenya aliyeitwa Jomo Kenyatta.

Kwaya yetu inajifunza nyimbo za West Side Story kwa solfa. Ule wimbo wa jina la msichana unatushinda kwenye noti ya pili. (Mwalimu wa kwaya, Mwanza)

Mwalimu, noti hiyo ni fe (fah iliyopandishwa nusu toni), wala si fah. Mtunzi wa igizo hilo, Leonard Bernstein, ameliweka jina Maria kwenye doh, fe, soh. Umbali wa doh hadi fe ni toni tatu kamili, na sikio lililolelewa na nyimbo za ibada halina mazoea nao, ndiyo maana wanakwaya huteremka kwenye fah bila kujua. Usiwafundishe kuruka. Waimbishe doh–soh mpaka itulie. Kisha soh–fe–soh, fe ikiegemea soh kwa nusu toni. Kisha doh–soh–fe–soh. Mwisho ondoa soh ya kati. Dakika kumi kwa siku, siku nne, bila kinanda; kinanda kikitangulia wanafuata kinanda badala ya kusikia umbali wenyewe.

Wimbo wa Wapuertoriko kuhusu Marekani msiuogope. Huhesabiwa sita kwa haraka, mara moja ukikazia 1 na 4, mara ya pili 1, 3 na 5. Kwenye ngoma zetu nyingi hesabu hizo mbili hupigwa kwa wakati mmoja na ngoma mbili tofauti. Bernstein, aliyeazima mtindo wa Mexico, amezipanga moja baada ya nyingine. Gawa kwaya nusu kwa nusu, kila upande upige makofi hesabu yake, halafu wabadilishane.

Maneno hutangulia au mahadhi? Nina mashairi ya mizani 16 ninayotaka kuyaweka kwenye igizo. (Mshairi, Mombasa)

Mtunzi wa Broadway, Richard Rodgers, alifanya kazi kwa njia zote mbili. Alipokuwa na Lorenz Hart, muziki ulitangulia na Hart akautafutia maneno. Alipohamia kwa Hammerstein, maneno yalitangulia. Inasimuliwa kwamba wimbo wa kwanza wa Oklahoma! (1943) ulimchukua Hammerstein wiki tatu, na Rodgers akaumalizia mahadhi kwa dakika chache. Matokeo yanasikika: nyimbo za Hart zina vina vya werevu na mizunguko ya dansi, za Hammerstein zinatembea kama mtu anayefikiri kwa sauti. Kwako wewe, mwenye mashairi tayari, njia ni ya pili.

Sasa kazi yenyewe. Mshororo wako una vipande viwili vya mizani nane. Tuchukue huu:

Nimekuja mlangoni, sioni wa kunijibu.

Ukiipa kila silabi pigo moja, vipimo vya mapigo manne, na ukaanzia pigo la kwanza, utaona balaa mara moja. Silabi ya tano, ambayo ni "m" ya mlangoni, inaangukia pigo zito la kipimo cha pili. "M" haina irabu. Mwimbaji atafumba mdomo palepale unapomtaka aufungue. Na "ngo", penye mkazo, inabaki pigo la tatu huku "ni" ikining'inia mwisho.

Suluhisho ni kutanguliza silabi mbili kabla ya kipimo: "ni-me" kwenye mapigo ya 3 na 4, kisha "ku" ifungue kipimo. Hesabu: "ku-ja-m-la" kipimo kizima, na "ngo" inatua pigo la kwanza la kipimo kinachofuata. Mikazo yote miwili, nimekuja na mlangoni, iko pazito. Kwa kuwa mkazo wa Kiswahili huwa kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, kipande chochote cha mizani nane kitakuwa na mkazo wa mwisho kwenye silabi ya saba, kwa hiyo mtindo huu utakufaa karibu kila mara. Shida inayobaki ni silabi ya tatu. Kwenye kipande cha pili silabi ya tatu ni "ni" ya sioni, ambayo haina mkazo, na msikilizaji atasikia neno limepinda. Badilisha: "sijaona wa kujibu". Bado mizani nane, "o" iko ya tatu, "ji" ya saba. Pita mshororo kwa mshororo hivyo. Ni kazi ya jioni moja kwa beti sita, na itakuokoa wiki nzima ya mazoezi.

Jambo la pili ni pumzi. Silabi moja kwa pigo moja bila kituo huwamaliza waimbaji kwenye mshororo wa tatu. Ikiwa wimbo ni wa taratibu, imba silabi mbili kwa kila pigo. Silabi mbili za mwanzo zinaingia kwenye pigo la nne la kipimo kilichotangulia, kipande kinakwisha ndani ya kipimo kimoja, mkazo ukiwa pigo la tatu, na kipimo kinachofuata waachie fidla au kiitikio wajibu.

Tatu ni umbo. Nyimbo nyingi za Broadway za nusu ya kwanza ya karne ya 20 zina vipimo 32: sehemu ya vipimo 8, irudiwe, kisha 8 vya mahadhi tofauti, kisha turudi ya kwanza. Kwa mwendo wa mapigo 120 kwa dakika hayo ni mapigo 128, yaani sekunde 64. Ubeti wako wa mishororo minne, kwa silabi moja kwa pigo, unajaza vipimo 16, ndizo zile sehemu mbili za mwanzo. Usijaze sehemu ya tatu kwa mizani 16 ileile. Shuka hadi 12, sita kwa sita, ili sikio lijue mhusika ameanza kuwaza jambo jingine. Hapo ndipo washairi wetu hukwama: ubeti wenye vina vya kati na vya mwisho vilivyofungwa vizuri hutoa hukumu, na mhusika aliyekwisha kutoa hukumu hana pa kwenda. Wimbo wa jukwaani unaanzia pa mashaka na kuishia pa uamuzi. Kama baada ya wimbo hadithi imesimama palepale ilipokuwa, ukate, hata kama ni shairi lako bora.

Muziki wa The Lion King una Uafrika kiasi gani? (Msomaji, Kigali)

Igizo la jukwaani, lililofika Broadway Novemba 1997, ni la mikono mingi. Nyimbo za filamu ni za Elton John na Tim Rice, lakini kwaya na nyimbo nyingi zilizoongezwa zina mkono wa Lebo M wa Soweto. Mwito wa alfajiri unaofungua igizo ni Kizulu, ingawa wengi huku kwetu huudhani Kiswahili kwa sababu ya Simba na Rafiki.

Ndani ya filamu kuna kipande cha Mbube, wimbo wa Solomon Linda uliorekodiwa Johannesburg mwaka 1939. Linda aliuza haki zake kwa shilingi kumi na akafariki maskini mwaka 1962, wakati wimbo ukitamba Marekani kwa jina jingine. Warithi walifungua kesi mwaka 2004 wakitegemea sheria ya kikoloni ya 1911, iliyosema haki hurudi kwa warithi miaka 25 baada ya kifo cha mtunzi. Walielewana nje ya mahakama mwaka 2006.

Kama unataka igizo la muziki lililotungwa Afrika tangu mzizi, tafuta King Kong ya Todd Matshikiza (Johannesburg, 1959), ambamo Miriam Makeba aling'ara, na Sarafina! ya Mbongeni Ngema, iliyoanza Market Theatre mwaka 1987 na kufika Broadway mwaka uliofuata.

Vikundi vya miaka ya 1990 kama Muungano na TOT, na ile kazi ya Kamiriithu, vinahesabiwa humu? (Msomaji, Morogoro)

Muungano na TOT (Tanzania One Theatre) walitoa usiku mzima wa ngoma, sarakasi, kichekesho, igizo na taarab, kimoja baada ya kingine. Igizo lilikuwa na hadithi, taarab ilikuwa na nyimbo, lakini hivyo viwili havikukutana. Hilo ni onyesho mseto, na tunalisema bila dharau: waigizaji wale walijua kuishika hadhira kuliko wahitimu wengi wa leo.

Kamiriithu, kijiji cha Limuru nchini Kenya, ni jambo jingine. Ngaahika Ndeenda, ya Ngũgĩ wa Thiong'o na Ngũgĩ wa Mĩriĩ, ilifunguliwa Limuru tarehe 2 Oktoba 1977 kwenye ukumbi wa wazi uliojengwa na wanakijiji wenyewe. Mazoezi yalikuwa hadharani, na wazee walisahihisha lugha na nyimbo. Ndani yake wimbo wa harusi si pambo, ndio ugomvi wenyewe. Serikali iliifunga mwezi Novemba, na mwisho wa mwaka Ngũgĩ wa Thiong'o akawekwa kizuizini. Maitũ Njugĩra, yenye nyimbo nyingi zaidi, haikuruhusiwa kufunguliwa mwaka 1982, na ukumbi wa Kamiriithu ukabomolewa.

Tunataka igizo la muziki la dakika 50 shuleni. Tuanzie wapi, na nini huharibika? (Mwalimu wa sekondari, Iringa)

Mwalimu, anzia kwenye hesabu. Dakika 50 zinatosha nyimbo nane za dakika mbili na nusu, yaani dakika 20, na kurasa 28 hadi 30 za mazungumzo. Nyimbo nane hazihitaji mahadhi nane. Tunga sita, mbili zirudiwe mwishoni kwa maneno mengine: mahadhi ambayo kijana aliyaimba akiondoka nyumbani, mama akiyaimba akiwa peke yake, hufanya kazi kuliko wimbo mpya. Wa kwanza uwe wa kundi zima, uonyeshe mahali na watu wake. Wa pili, au usizidi wa tatu, uwe wa mhusika mkuu akisema anachokitaka. Maigizo mengi ya shule hufa hapa: nyimbo tatu zimepita na hakuna anayejua nani anataka nini.

Waimbaji wa peke yao wasizidi sita, kwaya 16 hadi 24. Mahadhi ya mwanafunzi yakae ndani ya noti nane au tisa. Wavulana wa miaka 13 hadi 15 ambao sauti zinavunjika wape noti tano au sita za katikati, na chagua ufunguo baada ya kumpata mwimbaji, si kabla. Kwa solfa kuhamisha doh hakuna gharama.

Bendi: kinanda, gitaa la besi, ngoma mbili na chombo kimoja cha mahadhi, filimbi au zeze. Iweke pembeni, sio kati ya waimbaji na hadhira. Kosa tunaloliona mara nyingi kuliko yote ni ngoma kumfunika mwimbaji. Tupia blanketi juu ya ngozi au tumia mikono badala ya fimbo kila mtu mmoja anapoimba, na urudishe fimbo kwaya inapoingia. Kabla ya kila wimbo bendi iwe na mzunguko wa vipimo viwili inaourudia hadi isikie neno la ishara. Mzunguko huo huficha aliyesahau mstari, aliyechelewa kutoka nyuma na kiti kilichogoma kusogea. Bila huo, kimya cha sekunde nne huvunja kila mlichojenga.

Kupanga upya jukwaa tumieni hila ya zamani: watu wawili waimbe mbele ya pazia huku nyuma wenzao wakibeba meza.

Panga wiki nane, mara tatu kwa wiki, dakika 90. Wiki mbili za kwanza nyimbo tu, watoto wamekaa. Ukianza na miondoko kabla mahadhi hayajashika, pumzi inakwenda miguuni na sauti inashuka chini ya ufunguo. Wiki ya tatu hadi ya sita panda jukwaani, eneo moja kwa siku. Wiki ya saba bendi ikutane na waimbaji kwa mara ya kwanza, wote wamekaa, bila kuigiza, wapitie nyimbo zote mfululizo. Hapo ndipo mnagundua kwamba mpiga kinanda alijifunza mwendo mwingine. Wiki ya nane mpitie yote bila kusimama, hata mtu akikosea.

Haki za watunzi: mkichukua igizo la mtu, leseni ya kupiga nyimbo hadharani haitoshi. Kulicheza jukwaani na hadithi yake kunahitaji ruhusa ya wenye igizo, na kulitafsiri kwa Kiswahili kunahitaji ruhusa nyingine. Baadhi ya kampuni za leseni zina matoleo mafupi ya shule, ya dakika 60 au 30, yenye mahadhi yaliyoshushwa. Kazi hulindwa kwa uhai wa mtunzi na miaka isiyopungua 50 baada ya kifo chake, nchi nyingi 70, na waliotunga pamoja huhesabiwa kwa aliyefariki wa mwisho. Offenbach (1880), Sullivan (1900) na Gilbert (1911) ni huru. Rodgers, aliyefariki 1979, bado. Ila tafsiri au mpangilio mpya wa vyombo wa kazi ya zamani una mwenyewe, kwa hiyo hata mkichukua Gilbert na Sullivan, angalieni jina la mpangaji kwenye ukurasa wa kwanza wa nota kabla ya kutoa nakala.